Njia ya Wote Haina Mrithi: Dini na Sheria Dhidi ya Wanaomega Barabara

Ijumaa ya leo tunaleta mbele yenu jambo ambalo huonekana dogo mpaka siku mtu anapobebwa. Jambo lenyewe ni njia.

Tuanzie mbali na Dar es Salaam. Kata ya Kingerikiti imo katika wilaya ya Nyasa, mkoani Ruvuma, wilaya iliyozaliwa 2012 baada ya kumegwa kutoka Mbinga. Katika nchi ile ya milima inayoteremka kuelekea ziwani, nyumba nyingi hazikujipanga kando ya barabara ya magari. Mtu hutoka kwake kwa njia nyembamba ipitayo kati ya mashamba, akavuka kijito, akapanda ng'ambo ya pili, ndipo aifikie barabara. Kwa njia hiyo mtoto huenda shule na mahindi hutoka shambani. Kwa njia hiyo mama aliyeshikwa na uchungu hupelekwa zahanati kwa machela au kwa bodaboda, na jeneza hupelekwa makaburini. Jeneza hubebwa na watu waliokwenda sambamba, wawili wawili. Njia iliyobanwa ikabaki upana wa mtu mmoja haipitishi jeneza ila kwa kukanyaga mazao ya watu, na hapo msiba hugeuka ugomvi.

Hakuna aamkaye asubuhi moja akaifunga njia ya namna hiyo. Humegwa kwa jembe. Msimu huu mwenye shamba hulima hadi ukingoni, msimu ujao husogea hatua moja, na baada ya miaka michache hupanda mche wa kahawa au mgomba mahali ambapo watu walikuwa wakipishana. Kisha baba hufariki. Warithi hugawana shamba kwa kuhesabu miche, na mche ule uliopandwa njiani huingia katika fungu la mmoja wao. Tangu siku hiyo anayepita huambiwa kuwa anapita katika urithi wa mtu. Kwenye barabara za magari nako hadithi ni hiyohiyo kwa sura nyingine. Huanza kibanda cha kuuzia vocha na nyanya, kikafuatiwa na kibaraza cha saruji, kisha ukuta, na mtaro wa maji ukafukiwa ili mteja asiruke. Katika nchi ya milima, mtaro uliofukiwa ni hatari kuliko ukuta, kwa kuwa maji ya mvua yakikosa mtaro huichagua barabara yenyewe, na masika moja hutosha kuikata.

Jambo hili tunalizungumza sasa kwa sababu lami imewafikia watu wa upande ule. Barabara ya kutoka Mbinga hadi Mbamba Bay, yenye urefu wa kilomita 66, sasa ni ya lami, kama ilivyokuwa imetangulia ile ya Peramiho hadi Mbinga yenye kilomita 78. Lami ni neema. Lakini popote inapofika, kiwanja cha kando ya barabara hupanda thamani, kila kichochoro kinachoifikia barabara hupata wa kukitamani, na njia za kuteremkia ziwani huanza kuwekewa nyaya na milango. Itakumbukwa kuwa Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 imekataza shughuli za kibinadamu za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa ziwa, hivyo mwenye kuzungushia uzio hadi majini amevunja sheria hata kabla ya mvuvi mmoja kuzuiwa kupita.

Uislamu haukuliacha jambo hili kwa hiari ya watu wema. Sote tunaifahamu hadithi iliyopokelewa na Imamu Muslim kuhusu matawi ya imani, kwamba la chini kabisa miongoni mwake ni kuondoa udhia njiani. Tumezoea kuifasiri kwa mwiba na jiwe. Basi ikiwa kuondoa mwiba ni imani, kuweka ukuta mahali pa mwiba ni nini? Bukhari na Muslim wamepokea pia kwamba atakayechukua shubiri moja ya ardhi kwa dhulma, Siku ya Kiyama atavishwa shingoni kiasi hicho katika ardhi saba. Na katika Sahihi Muslim, kwa riwaya ya Sayyidna Ali (r.a.), imo laana ya Mwenyezi Mungu kwa mwenye kubadilisha alama za ardhi. Alama za ardhi kwa lugha ya leo ndizo bikoni zinazong'olewa usiku.

Tena Mtume (s.a.w.) hakuishia kwenye mawaidha, bali alitoa kipimo. Imepokelewa kwa Abu Hurayra (r.a.) kwamba watu wakigombana juu ya njia, upana wake uwekwe dhiraa saba, kiasi cha mita tatu na kitu. Wanazuoni wameeleza kuwa ni kiasi cha wanyama wawili wenye mizigo kupishana bila kudhuriana, na kwamba ni hukumu ya wakati wa mzozo, wala haizuii njia kuwa pana zaidi pale haja inapotaka. Tunawaomba wazee wa mabaraza ya vijiji wakizingatie kipimo hiki, hata wale wasio Waislamu, kwa sababu ni kipimo cha kupishana, na bodaboda mbili zenye magunia zinahitaji nafasi kama ile ya ngamia.

Wengi wetu Afrika Mashariki tunafuata madhehebu ya Imamu Shafi, na wanafunzi wa vyuo vyetu wanakijua kitabu cha Minhaj cha Imamu Nawawi, aliyefariki 1277. Humo, katika mlango wa suluhu, anaharamisha kujenga kibaraza au kupanda mti katika njia ya umma, na kauli ya kwamba inajuzu pasipo madhara anaitaja kama kauli dhaifu. Mtu aweza kuuliza: ikiwa mti haumdhuru mpita njia, kuna kosa gani? Waliokisherehesha kitabu hicho wametoa sababu inayostahili kutafakariwa. Muda ukirefuka, wanasema, mahali pale hufanana na miliki ya mtu, na athari ya haki ya watu kupita hupotea. Yaani walikwisha kuuona mche wa kahawa wa Kingerikiti karne nyingi kabla haujapandwa. Wanazuoni wa Kihanafi walioandika Majalla, mkusanyo wa sheria za madai za dola ya Uthmaniyya uliokamilika 1876, walifika huko huko kwa upande wa mahakama: kupita kwa muda hakufungi madai juu ya barabara, mito na malisho ya umma, hata mtu akivishikilia miaka hamsini.

Je, sheria za nchi yetu zinasemaje? Jibu linategemea njia ni ya nani, na hapa ndipo wananchi wengi hupotea tangu hatua ya kwanza, wakapeleka malalamiko ofisi isiyohusika, wakarudishwa, wakakata tamaa.

Barabara kuu na za mikoa zinasimamiwa na Wakala wa Barabara, TANROADS, ulioanzishwa 2000. Barabara za wilaya, zile za vijijini na mijini, tangu 2017 ziko chini ya TARURA. Zote hizo zinalindwa na Sheria ya Barabara Na. 13 ya 2007, iliyochukua nafasi ya sheria ya enzi za mkoloni. Kwa sheria hiyo na kanuni zake za 2009, hifadhi ya barabara kuu na za mikoa ilipanuliwa kutoka mita 22.5 hadi mita 30 kila upande, kuanzia katikati ya barabara. Tofauti hiyo ya mita saba na nusu imeliza watu wengi. Aliyejenga ndani ya mita 22.5 za zamani ni mvamizi na hana fidia. Aliyekuwapo kihalali katika eneo lililoongezwa hakumvamia mtu, barabara ndiyo iliyomfuata, na anastahili kulipwa kabla ya kuondolewa. Ndiyo maana katika kuta za nyumba za kando ya barabara tumeziona alama za X za rangi mbili, nyekundu kwa wasiostahili fidia na kijani kwa wanaostahili. Familia yenye X ya kijani isikubali kubomolewa kwa maneno matupu. Ihifadhi nyaraka zake, picha za nyumba na karatasi ya tathmini. Haki za kimila juu ya ardhi ni mali inayolindwa na Katiba, na hilo lilikwisha kuamuliwa na Mahakama ya Rufani katika shauri la Mwanasheria Mkuu dhidi ya Lohay Akonaay, lililoandikwa katika taarifa za sheria za 1995.

Bado tunakumbuka yaliyotokea Dar es Salaam 2017, nyumba za kandokando ya Barabara ya Morogoro kuanzia Kimara hadi Kiluvya zilipobomolewa kwa kuwa zilikuwa ndani ya mita 121.5, upana wa pekee uliowekwa kwa kipande kile. Wakazi walieleza kuwa wameishi pale miaka mingi, na baadhi yao walikuwa na mashauri mahakamani. Hatuna nia ya kuyahukumu upya mashauri yale. Tunachokiona ni kuwa kila mmoja pale aliuziwa na mtu, na aliyeuza hakuwapo siku ya tingatinga. Anayenunua kiwanja kando ya barabara, iwe Kimara au Kingerikiti, aende kwanza TANROADS au TARURA akaulize kigingi cha hifadhi kiko wapi. Swali hilo ni jepesi kuliko kujenga mara mbili.

Barabara kubwa, kwa ufupi, ina mwenyewe. Ina ofisi, ina rangi nyekundu na ina tingatinga. Njia ya miguu ya kijijini haina kitu hata kimoja katika hivyo, nayo ndiyo inayokufa kimya kimya. Lakini sheria haikuiacha yatima. Sheria ya Ardhi ya Vijiji Na. 5 ya 1999 imeikabidhi halmashauri ya kijiji usimamizi wa ardhi ya kijiji, nayo yapaswa kuisimamia kama mdhamini anayesimamia mali ya wengine. Haiwezi kumgawia mtu ardhi bila idhini ya mkutano mkuu wa kijiji. Kwa hiyo mwenye kuonyesha karatasi yenye mhuri wa mwenyekiti kwamba alipewa kipande cha njia, na aulizwe swali moja tu: mkutano gani wa kijiji uliridhia, na muhtasari uko wapi? Karatasi isiyokuwa na mkutano nyuma yake haina nguvu.

Mzozo ukishatokea, mlango wa kwanza ni Baraza la Ardhi la Kijiji, lenye wajumbe saba, watatu kati yao wanawake. Kazi yake ni kusuluhisha, wala mtu halazimishwi kulitumia, lakini busara ni kuanza hapo. Kwa jambo la njia, wajumbe wanaweza kutembea kwa miguu hadi mahali penyewe, wakawauliza wazee, wakaona mwembe uliokuwa alama na makaburi yaliyokuwa yakifikiwa kwa njia hiyo. Hakuna hakimu wa mbali atakayeona vizuri kuliko hao. Wakikubaliana, waandike, wapime kwa kamba, wapande alama. Suluhu isiyoandikwa hudumu kadiri ya uhai wa waliokuwapo.

Suluhu ikishindikana, shauri huenda Baraza la Kata. Hapa tuwatanabahishe wasomaji wetu kuhusu badiliko ambalo wengi bado hawajalisikia. Chini ya Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi ya 2002, Baraza la Kata lilikuwa likitoa hukumu. Mabadiliko ya 2021 yaliliondolea mamlaka hayo na kuliachia usuluhishi peke yake. Likishindwa kusuluhisha, hutoa uthibitisho wa kushindwa, na zikipita siku 30 bila suluhu mlalamikaji ana ruhusa ya kuendelea mbele. Anayekwenda moja kwa moja Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya bila kupita kata hurudishwa, na nauli yake imekwenda. Baraza la Wilaya ndilo lenye meno. Linaweza kutoa amri ya zuio ili ujenzi usimame wakati shauri likisikilizwa, kuamuru kilichojengwa kiondolewe, na kuamuru fidia. Asiyeridhika ana siku 45 za kukata rufaa Mahakama Kuu. Kwa hali yoyote mtu asilale. Madai ya kurudishiwa ardhi yana ukomo wa miaka 12, na ingawa yako mambo ya kujibishana juu ya njia ya umma, hakuna wakili anayependa kupokea mteja aliyekaa kimya mwaka wa 11.

Ziko njia nyingine mbili zisizotumika sana. Ya kwanza ni ya jinai. Kanuni ya Adhabu inakutambua kuzuia umma kutumia haki yake ya pamoja kuwa ni kosa la kero kwa umma, na mwenye kuifunga barabara anaweza kushtakiwa kwa hilo. Ya pili ni shauri la madai la kero kwa umma, ambalo hufunguliwa na Mwanasheria Mkuu, au na watu wawili au zaidi waliopata ridhaa yake kwa maandishi, pasipo kulazimika kuthibitisha hasara yao binafsi. Aliyedhurika kuliko wenzake, mathalani yule ambaye nyumba yake haina pengine pa kutokea, anaweza kudai peke yake. Na wanakijiji wengi wenye dai moja wanaweza, kwa ruhusa ya mahakama, kuwakilishwa na wachache miongoni mwao, jambo linalopunguza gharama. Mvamizi akiwa ni mamlaka yenyewe, halmashauri au wakala wa serikali, ikumbukwe kuwa tangu mabadiliko ya 2020 ni lazima kutoa notisi ya siku 90 na kumuunganisha Mwanasheria Mkuu. Kwa asiye na uwezo wa kuajiri wakili, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 imewatambua wasaidizi wa kisheria, nao wamo katika wilaya nyingi.

Njia isiyo halali ni panga. Tunalisema hili kwa vijana wetu hasa, kwa kuwa hasira ya haki humtia mtu katika kosa. Anayekwenda usiku kung'oa uzio wa jirani, hata uzio ule ukiwa umesimama njiani, huamka akiwa mshtakiwa wa kuharibu mali, na mvamizi huamka akiwa mlalamikaji. Tumekatazwa kudhuru na kulipiza dhara kwa dhara. Amri ya kuondoa hutolewa na mwenye mamlaka.

Lakini lililo bora kuliko mashauri yote haya ni kuiandika njia kabla haijagombaniwa. Vijiji vingi sasa vinapimwa, vinapanga matumizi ya ardhi chini ya sheria ya 2007, na watu wanapewa hatimiliki za kimila. Ni jambo jema, ila lina hatari yake. Siku mipaka inapohakikiwa, mwenye shamba la kulia husema shamba langu linafika hapa, wa kushoto akasema langu linafika hapo hapo, na njia iliyokuwa katikati haina wa kuisemea. Hati mbili zikitoka zikiwa zimegusana, njia imezikwa kwa mhuri wa serikali, na kuifufua huwa kazi ya miaka. Kwa hiyo siku hiyo wasihudhurie wenye mashamba peke yao. Waende akina mama wanaochota maji, waende vijana wa bodaboda, aende imamu na aende katekista, kwa maana katika milima ile majirani zetu Wakristo ndio walio wengi na jeneza lao hupita njia ile ile. Mkutano mkuu wa kijiji hufanyika walau kila miezi mitatu. Humo yaweza kupitishwa orodha ya njia zote za kijiji na upana wake, na sheria ndogo ya kijiji yenye faini kwa mwenye kuzilima, kisha ikapelekwa halmashauri ya wilaya kuidhinishwa. Hilo halihitaji mfadhili.

Hatuwezi kumaliza pasipo kuigusa misikiti yetu, ingawa tunajua wapo watakaonuna. Ipo misikiti ambayo ngazi zake, matangi yake ya udhu na vibaraza vyake vimo ndani ya hifadhi ya barabara. Ipo ambayo kila Ijumaa magari ya waumini huifunga barabara nzima, na mgonjwa anayewahishwa hospitali husubiri hadi salamu ya mwisho. Anayejitetea kwamba hii ni nyumba ya Mwenyezi Mungu akumbuke kuwa wanafiqhi wamejadiliana kwa urefu juu ya kusali katika ardhi iliyoporwa. Katika madhehebu yetu swala inasihi lakini mtu anapata dhambi, na kwa Imamu Ahmad, katika kauli iliyo mashuhuri kwake, haisihi kabisa. Kamati ya msikiti ichukue futi kamba, ipime kutoka katikati ya barabara, na kilichozidi ikiondoe yenyewe kabla hakijapigwa rangi nyekundu.

Na yule atakayeshinda shauri kwa sababu mashahidi wa upande wa pili walikwisha kufa, au kwa sababu mwenzake alikosa nauli ya kwenda barazani, naye Surat al-Baqara aya ya 188 inamhusu, pale Mola wetu anapotukataza kulana mali kwa batili na kuzipeleka kwa mahakimu hali tunajua. Mtume (s.a.w.) naye aliwaeleza masahaba zake, katika hadithi ya Ummu Salama (r.a.), kwamba yeye huhukumu kwa anayoyasikia, na huenda mmoja akawa fasaha kuliko mwenzake. Akimkatia haki ya nduguye kwa ufasaha huo, basi amemkatia kipande cha moto. Hati ya baraza itamwezesha kupanda kahawa pale. Haitamwezesha zaidi ya hapo.

Wallahu a'lam.